Mlinzi wa Moto wa Hansa

Dalmas hakuwa mtu wa kutia sahihi ovyo. Tangu aje Nairobi kutoka ziwani alikuwa ametia sahihi mara tatu tu: kwenye kitambulisho, kwenye cheti cha ndoa kanisani, na kwenye karatasi ya cherehani ya mkopo. Hiyo ya tatu ilimtia adabu, maana cherehani ilirudi dukani na mkewe Adero akabaki na sindano. Kwa hiyo Jumatatu ile, tajiri yake Maganlal alipomjia kwenye meza ya useremala na kumwambia, "Fundi, Alhamisi wewe utaweka sahihi kwa karatasi ya moto," Dalmas aliisimamisha randa katikati ya ubao.

"Moto gani, bwana?"

"Moto ya harusi ya Hansa. Tutawasha hapa yadi."

Hapa yadi! Hebu niambie wewe, mtu mwenye akili zake timamu anawashaje moto katikati ya yadi ya mbao? Yadi yenyewe ilikuwa Kawangware, hatua chache kutoka stendi ya 56. Mbao za mvule na saipresi zilipangwa kupita kichwa cha mtu, na chini maranda yalijaa hadi kwenye vifundo vya miguu. Mteja akijisahau akatoa sigara, Lusweti wa msumeno alimfukuza mpaka barabarani kwa matusi ya Kibukusu. Miaka tisa Dalmas alifanya kazi humo, na hakuwahi kuona hata njiti ya kiberiti ikiwashwa.

Ilikuwa mwisho wa mwaka wa sabini na mbili. Redio ilikuwa imejaa habari za Wahindi wa Uganda waliopewa siku tisini watoke, na hapa kwetu, bila kelele nyingi, wenye maduka wasiokuwa raia walikuwa wakiletewa barua mmoja mmoja. Magani, kama watu wa Kawangware walivyomwita, alipata yake mwezi wa kumi: leseni haitaongezwa, mwisho Desemba. Aliikunja akaitia mfukoni, hakumwambia mfanyakazi yeyote kitu. Lakini Nairobi hii, siri ya mfukoni hujulikana kabla mtu hajashona mfuko.

"Fundi, fungua macho," Lusweti alimwambia Dalmas siku hiyo hiyo wakati wa chai. "Umesahau ile stoo ya blanketi kule mjini? Mwenyewe aliwasha, bima ikamlipa, sasa yuko Kanada anakula baridi. Na mlinzi wake, yule Mkisii, yuko wapi?"

"Ndani," Dalmas alijibu.

"Ndani! Kwa sababu jina lake ndilo lilikuwa kwenye karatasi. Na wiki jana nani alipakia mvule yote nzuri kwenye lori, na kutuachia hii takataka? Mimi sisemi kitu. Mimi ni mtu wa msumeno."

Dalmas hakusema kitu pia, ndiyo tabia yake. Alikuwa mtu wa maneno machache hata siku za furaha. Lakini alikumbuka kwamba Ijumaa iliyopita, alipopeleka vipimo ofisini, aliona bahasha ndefu mezani yenye muhuri wa kampuni ya bima, na ndani ya barua alisoma maneno mawili tu kabla Magani hajaifunika kwa mkono: bima, na moto. Chai ilimpoa mkononi.

Jioni alitembea hadi Kibera kwa miguu, akitafuta njia ya kumweleza mkewe. Adero alimsikiliza huku akisonga ugali, na mwiko ukazidi kwenda kasi.

"Baba Ajwang', Muhindi anachoma, Mjaluo anafungwa. Hiyo ndiyo harusi unayoniambia. Usiweke sahihi."

"Nisipoweka ananifukuza."

"Na ukiweka unafungwa. Afadhali kufukuzwa. Aliyefukuzwa anaweza kuja kula hapa."

"Kula nini, nikishafukuzwa?"

Adero alipakua ugali, wakala, na usiku kucha Dalmas alijiona kizimbani akiulizwa kwa Kizungu kwa nini alichoma mali ya mwajiri wake.

Kibali chenyewe cha kuwasha moto kilikuwa kimekataliwa mara mbili na ofisi ya zimamoto. Mara ya tatu ofisa alisema atakuja kujionea kwa macho yake, na Alhamisi saa nne akafika, Bwana Mutie, Mkamba mrefu mwenye kaki iliyopigwa pasi ikakatika mstari. Kabla ya kusalimia mtu alizunguka yadi akinusa. Aliinua turubai, akachungulia nyuma ya choo, akafungua debe moja akalinusa: gundi. Dalmas alifurahi moyoni kuona kwamba si yeye peke yake mwenye shaka.

"Barua yenu nimesoma mara mbili, na mara mbili nimerudisha," Mutie alimwambia Magani. "Mnataka kupika nini?"

"Hatupiki. Bwana harusi na bibi harusi wanazunguka moto mara nne. Bila moto hakuna harusi. Moto ndiyo inaona."

"Inaona nini?"

"Inaona wameoana."

Mutie aliinua macho kwenye mbao. "Na hizi zote nazo zitakuwa zinaona? Mzee, mjini kuna hekalu, kuna kumbi. Kwa nini hapa?"

Magani alinyoosha kidole kwenye chumba cha nyuma chenye mlango wa buluu. "Mama yake amefia hapo. Hansa amezaliwa hapo. Amesema haolewi mahali mama yake hajui. Na jioni hiyo hiyo anaenda ndege na bwana yake, Uingereza. Mimi sina karatasi ya kwenda. Mimi nabaki."

Hilo la mama lilikuwa kweli. Dalmas alimjua marehemu, mama mpole aliyekuwa akiwapa mafundi chapati za moto siku za mvua, na ni yeye Dalmas aliyeranda mbao za kubebea maiti yake. Lakini shuku ikishamwingia mtu, ukweli wenyewe humpa mashaka. Alijiambia kwamba uongo wa maana lazima uchanganywe na ukweli, la sivyo hauliki.

Mutie aliandika kwa muda mrefu, kisha akasoma kwa sauti masharti yake. Maranda yote yafagiliwe, mbao zisogezwe hatua ishirini. Mapipa mawili ya maji, ndoo nne za mchanga. Moto uwe ndani ya kisanduku cha bati kilichozungushiwa matofali. Na awepo mlinzi wa moto, mtu mmoja, asiwe wa familia, maana watu wa familia siku ya harusi hawana macho. Mlinzi huyo asiondoke zaidi ya hatua kumi kutoka kwenye moto mpaka majivu yapoe kabisa. Kitu kikiungua, yeye ndiye wa kwanza kujibu.

"Huyu mlinzi ni nani?"

"Huyu," Magani alisema, na kidole kikamwangukia Dalmas. "Sitaki mwingine."

"Kuna Lusweti," Dalmas alisema haraka. "Lusweti anajua moto kuliko mimi."

"Lusweti anaongea sana. Nimesema huyu."

Sitaki mwingine! Dalmas alimtazama usoni akitafuta sababu, na Magani akatazama pembeni. Kalamu ilikuwa tayari mbele yake. Alifikiria ada ya shule ya Ajwang', akafikiria kodi ya chumba, akaandika jina lake polepole, herufi moja moja. Mutie aligonga muhuri, akasema atarudi Jumamosi, siku ya harusi, saa tisa kufunga kibali, akaenda zake.

Siku iliyofuata Dalmas alitengeneza kile kisanduku cha moto kwa mikono yake mwenyewe, na alikitengeneza kidogo. Kidogo sana! Alipomaliza kupanga matofali ndani, moto ambao ungeenea humo ulikuwa wa kuchoma mahindi mawili, la tatu lisubiri zamu. Kisha akageukia sanduku lake la zana. Ndani mlikuwa na randa tatu, patasi za Sheffield alizorithi kwa mwalimu wake wa useremala, misumeno miwili na keekee. Hizo ndizo zilikuwa shamba lake na ng'ombe wake. Yadi ikiungua nazo zinaungua. Akangoja Magani aingie ofisini, akazitia zote kwenye gunia, akalibeba begani kwenda Kibera. Alipofika langoni aligeuka, akamwona Magani amesimama dirishani, anamtazama yeye na gunia lake.

Jumamosi ilikuja na jua safi. Yadi ilikuwa imefagiliwa hadi udongo ukaonekana, kitu ambacho watu wa 56 hawakuwahi kukiona. Katikati palisimama banda la nguzo nne alilojenga Dalmas, limevikwa vitambaa vyekundu na maua ya manjano. Wageni walikuja na sari za kila rangi, na nje ya uzio nusu ya Kawangware ilikuwa imejipanga kuchungulia. Dalmas alikaa kwenye kigoda chake hatua nne kutoka kwenye moto, kibali kimekunjwa mfukoni mwa shati, ndoo ya mchanga katikati ya miguu.

Maharaji, yaani kasisi wao, aliweka vijiti, akatia samli kwa kijiko, akawasha. Moto uliinuka shubiri moja, ukatulia. Hansa alitoka kwenye mlango wa buluu akiwa ameinamisha kichwa, mikono imejaa hina. Dalmas alimjua tangu akiwa na umri wa miaka kumi, alipokuwa akija kuokota maranda marefu na kuyatundika masikioni kama herini. Bwana harusi, kijana mwembamba aliyeonekana kuogopa kila mtu, alimtangulia, wakauzunguka moto mara ya kwanza, na ya pili.

Katika mzunguko wa tatu moyo wa Dalmas ulilegea bila ruhusa yake. Kwao, mwanamume akienda kuanzisha boma lake, baba yake humtangulia njia, mwanawe wa kwanza hubeba shoka, na mke hubeba moto. Moto huo ukishawaka kwenye uwanja mpya, basi watu wameshajua: hapa pana nyumba. Yeye na Adero walikuwa bado hawajaubeba wao, miaka yote hii ya kupanga chumba mjini. Akasema moyoni, kumbe hawa wanaanzisha boma tu, kama sisi. Akataka kumwangalia Magani kwa jicho jema.

Akamwangalia. Na Magani hakuwa akitazama binti yake. Alikuwa akimtazama yeye, Dalmas, moja kwa moja, kama mtu anayengoja mwizi ajisahau. Ule ulegevu ulimtoka mara moja, akaivuta ndoo karibu zaidi.

Mzunguko wa nne ukaisha, watu wakarusha maua, maharaji akamwagia moto maziwa kidogo na ukafa kwa wingu la moshi. Wageni waliondoka kwenda kula upande wa mbele, karibu na lango, ambako meza zilikuwa zimepangwa. Nyuma ya rundo la saipresi, pale kwenye banda, walibaki watu wawili. Magani alivuta kiti cha kukunja, akakaa upande wa pili wa majivu.

"Bwana, huendi kula?"

"Sina njaa. Wewe enda kula. Mimi nitaangalia."

Aha! Dalmas aliisikia hiyo kwa masikio yote mawili. "Karatasi imesema nisitoke hatua kumi," alisema.

"Basi kaa."

"Nimekaa."

Wakakaa. Saa ikapita, na nyingine. Inzi waliingia kwenye samli iliyomwagika. Mara moja Magani aliingiza mkono mfukoni, na Dalmas akainuka nusu, lakini ilikuwa leso. Mara moja Dalmas aliinama kufunga kamba ya kiatu, na Magani akasogeza kiti mbele. Ungewaona ungecheka, wanaume wazima wenye mvi wanalinda majivu ya kisanduku cha bati kana kwamba humo mna kuku atatoroka.

Kisha honi ya gari ikalia langoni, na wanawake wakaanza kuimba wimbo wa taratibu. Shangazi mmoja alikuja mbio, sari mkononi, akasema mambo mengi kwa Kigujarati. Magani alimjibu neno moja. Shangazi akaguna, akamgeukia Dalmas. "Fundi, mwambie huyu! Mtoto anaenda! Akitoka kwa lango anarusha mchele nyuma, juu ya kichwa, na mama na baba wanadaka kwa nguo. Mama hayupo. Nani atadaka?"

"Bwana, nenda," Dalmas alisema. "Mtoto anakungoja."

"Twende sisi wote," Magani alisema.

"Mimi siwezi kutoka. Nimetia sahihi."

"Basi mimi naenda saa hii tu. Dakika moja." Lakini hakuinuka. Alitazama majivu, akamtazama Dalmas, akatazama mbao zilizomzunguka. Jasho lilimtoka. Na Dalmas, aibu iliyoje, alijua kabisa angeweza kumaliza jambo hilo kwa kusimama na kutembea hadi langoni pamoja naye. Lakini aliona macho ya Magani yakizunguka hivyo, akajiambia: ndiyo hii, anatafuta pa kuwashia. Akaishika ndoo kwa mikono miwili.

"Bapuji!" Sauti ya Hansa ikimwita baba yake ilisikika ng'ambo ya mbao. "Bapuji!"

"Nakuja!" Magani alipaza sauti, bado amekaa. Hakika alikaa pale, na mimi sina la kumtetea. Walisikia nazi ikipasuka chini ya gurudumu, kama ilivyo desturi yao gari la maharusi likiondoka, na nyimbo zikageuka kilio. Gari likapanda barabarani likielekea uwanja wa ndege, na sauti yake ikamezwa na kelele za stendi.

Dalmas, yeye mtu wa maneno machache, alipandwa na hasira.

"Wewe ni baba wa namna gani? Mtoto anakuita mara mbili, umekaa! Unangoja niondoke ili uwashe, si ndiyo? Uwashe ulipwe bima, mimi nikafungwe!"

Magani alimkodolea macho. "Niwashe? Mimi?"

"Barua ya bima nimeiona. Lori nimeliona."

"Hiyo barua wamekataa! Mara ya tatu wanakataa. Yadi ya mbao Kawangware, leseni imekwisha, nani atatoa bima? Hii ikiungua mimi nakuwa ombaomba. Mvule nimeuza kwa ajili ya harusi na ndege." Alimnyooshea kidole. "Wewe ndiyo unataka kuwasha! Nimesikia mkisema, Muhindi akienda atatuacha na vumbi. Kila mtu anaongea, wewe hauongei. Nikasema, huyu anayenyamaza ndiye mbaya. Nimpe yeye karatasi, jina lake liandikwe, mtu hachomi mahali jina lake liko. Halafu jana naona umebeba vyombo yako yote kwa gunia. Kwa nini mtu anatoa vyombo, kama hajui kutakuwa na moto?"

"Nilitoa kwa sababu yako!"

"Na mimi nimekaa kwa sababu yako!"

Walitazamana. Ndipo Bwana Mutie akatokea kwenye pembe ya mbao na kitabu chake kwapani, kama alivyoahidi. Aliwasalimia. Akainama kwenye kisanduku, akaingiza mkono mtupu kwenye majivu hadi kifundoni, akayavuruga, akautoa.

"Hii imepoa zamani," alisema akijipangusa. "Moto mdogo hivi haumalizi nusu saa. Mlikuwa mnalinda nini?"

Mutie aligonga muhuri wa kufunga kibali, akamkabidhi Dalmas nakala, akaondoka akitikisa kichwa.

Magani aliinuka kama mtu aliyekaa pale mwaka mzima. Alipita nyuma ya mbao hadi langoni, na Dalmas, bila kujua kwa nini, akamfuata. Wageni walikuwa wametawanyika. Mchele ulikuwa umemwagika chini, mweupe juu ya udongo mwekundu, umekanyagwa na viatu, na kuku wawili wa jirani walikuwa wameshaupata. Dalmas aliwafukuza. Akachuchumaa, akaanza kuokota punje moja moja na kuzitia kiganjani.

"Acha, fundi," Magani alisema. Alikuwa amesimama, ncha za shati lake amezishika mbele kwa mikono miwili, kama mtu anayengoja kupokea kitu. "Hiyo haikuwa ya kuokota. Ilikuwa ya kudaka."

Dalmas alipofika Kibera, Adero alimpokea mlangoni, macho yamemtoka. Kwenye kona, gunia la zana lilikuwa bado limefungwa.

"Kumeungua?" aliuliza.

"Hapana."

"Nilijua Mungu yupo! Sasa mbona uso wako uko hivyo?"

Dalmas aliketi kitandani. Akafungua kiganja, na punje za mchele zilikuwa bado zimemganda kwenye jasho.